Mama Edah Nekesa, Aliyevusha Tumbaku ya Malakisi Juu ya Elgon

Ndugu, majirani, na nyinyi mliosafiri kutoka Kitale mvua ikiwanyeshea njia nzima: leo Jumamosi, tarehe 15 Agosti 1959, tumekutana kwenye shamba la Mama Edah Nekesa hapa Malakisi. Kabla hatujamfunika, ni vizuri mjue mnamfunika nani. Wengine wenu mlimjua kama mama wa tumbaku tu. Wengine aliwabana bei sokoni mkarudi nyumbani mkijiuliza kama mmeuza ama mmetoa zawadi.

Marehemu alizaliwa ng'ambo ya mto Malakisi mwaka 1893, watu wakivuna wimbi, akiwa mtoto wa tatu wa Mzee Walubengo. Mwaka huo ni makisio ya kanisa. Yeye mwenyewe akiulizwa alisema kwamba alikuwepo, ndiyo, lakini hakuwa anaangalia kalenda.

Shule ya mchana hakuiona. Mwaka 1919 aliingia darasa la ubatizo, akajifunza kusoma akiwa mama wa watoto wawili, na mwaka 1921 akabatizwa jina la Edah. Hesabu alikuja nazo kutoka sokoni. Siku moja mwalimu alimuuliza mbele ya darasa, "Nekesa, saba mara nane ni ngapi?" Akajibu, "Ni saba za nini, mwalimu? Kama ni mayai, kwanza tuondoe yaliyooza." Mwalimu alimwambia akae chini. Akakaa, lakini jibu lake hakulibadilisha.

Ndoa yake ilikuwa ya mwaka 1911, kwa Mukhisa wa Lwandanyi, mwanamume mpole, fundi wa kujenga maghala ya nafaka. Mungu aliwapa Wabwile mwaka 1913 na Nanyama mwaka 1916. Mukhisa alifariki kwa homa mwezi wa Mei 1929. Haukupita muda shemeji mmoja akaja na wazee, akasema yuko tayari kumrithi mjane. Marehemu aliwapa uji, akawasikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza kwa adabu, "Shemeji, na lile shamba lako mwenyewe, ulishamaliza kulipalilia?" Wazee walimaliza uji wakaaga.

Tangu hapo alijitegemea. Alilima tumbaku, akaikausha, akaisokota, akaiuza. Kanisani waliuliza Mkristo anauzaje tumbaku. Akawajibu kwamba yeye havuti, anauza, na kwamba sadaka yake bado haijarudishwa kwa sababu ya kunuka.

Sasa tufike kwenye jambo lililomfanya Mama Nekesa ajulikane kutoka Malakisi mpaka Kitale, maana likisimuliwa nusu nusu huwa linaharibika.

Mwaka 1934 tumbaku ilizaa sana, na mnunuzi mkubwa wa hapa akaishusha bei mpaka watu wakaanza kuitupa. Marehemu hakutupa hata jani moja. Katika msimu huo alikuja sokoni kijana mmoja wa watu wa mlimani, Kipruto, amebeba asali na ngozi, akitafuta tumbaku.

"Kwani kwenu hamlimi?" Marehemu akamuuliza.

"Kwetu? Kwetu hata maharagwe yanakufa na baridi. Asubuhi ukitaka maji, unayavunja na jiwe."

Watu wakacheka. Ati maji ya kuvunjwa! Mama Nekesa hakucheka.

"Na wanaovuta ni wengi?"

"Wote. Hata nyanya yangu."

"Na sasa wanapata wapi?"

"Si wananingoja mimi."

Jioni hiyo hiyo Marehemu alianza kusokota tumbaku yake yote na kuifunga mizigo. Aliamua kwamba ataipeleka mwenyewe juu ya Elgon, kule ambako wafugaji huhama na ng'ombe wao kufuata nyasi, leo pango hili, kesho lile, kisha atateremkia upande wa pili mpaka Kitale. Majirani walimwambia amerukwa na akili. Akawaambia basi wamuuzie na yao.

Alihitaji mwanamume wa kuongoza punda. Wabwile alikuwa kwa mzungu huko Trans-Nzoia na mkataba haujaisha. Mwenye punda aliyebaki alikuwa mmoja tu, Wepukhulu, mumewe Nanyama, na hapo ndipo penye shida.

Kwa wageni wetu wa Kitale: kwetu mwanamume na mama mkwe hawakutani njiani, hawashikani mikono, na hawalali chini ya paa moja hata dunia ikiwaka moto. Si uadui. Ni heshima, na mtu akiivunja, aibu yake inafika kwa watoto. Basi wakapatana hivi. Marehemu atatangulia na Kipruto, Wepukhulu atafuata mbali na punda. Marehemu akitaka kupumzika, anaweka tawi bichi katikati ya njia. Wepukhulu akiliona, anasimama hapo hapo mpaka atakaposikia filimbi ya Kipruto.

Nanyama alikuwa na mimba ya kwanza. Alimsindikiza mama yake mpaka langoni, na kwa kuwa ni mtoto wa mama yake, hakulia. Alisema, "Mama, huyu nimekuazima. Umrudishe."

"Nitamrudisha."

"Mzima."

"Mzima, nimesema!"

Waliondoka Jumanne tarehe 8 Januari 1935. Walipita Kapsokwony, wakaingia msituni, wakapanda kwenye mianzi ambayo punda walipita kwa kusukumwa. Mpango wa matawi ulikwenda vizuri sana. Kila kona tawi, kila tawi filimbi. Marehemu alijisifu kwamba hakuna kitu hajakifikiria.

Kisha mianzi ikaisha, na mbele yao ikafunguka nchi ambayo mtu wa Malakisi hajawahi kuota! Uwanda mkubwa, nyasi ngumu za rangi ya shaba, miti minene ya ajabu iliyovaa majani makavu shingoni kama koti na kubeba kabichi kichwani. Hewa nyembamba, kifua kinapiga kama ngoma. Kwenye kivuli cha mawe maji yameganda, yanang'aa. Marehemu alivunja kipande, akakiweka mdomoni, akakitema, akaanza kucheka peke yake kama msichana. "Kipruto! Maji yananiuma!"

Lakini juu huko hakuna miti ya kukata matawi, na hakuna kona. Mtu anaonekana kutoka mbali kabisa. Wepukhulu, kwa heshima, akaona hawezi kuendelea kumtazama mama mkwe mgongoni siku nzima, akabaki nyuma. Akabaki nyuma zaidi. Mwishowe akawa doa dogo na punda wake, huku Marehemu akimsifu kwa Kipruto kwamba kijana huyo ana malezi mazuri.

Ndipo ukungu ukashuka. Haukuja polepole, ulianguka! Mara moja hakuna doa, hakuna mlima, hakuna mkono wako mwenyewe. Nyuma ya ukungu ikaja mvua ya mawe, mawe ya kweli, ikipiga mpaka uwanda wote ukawa mweupe kama unga uliomwagika. Kipruto alimshika Marehemu mkono wakakimbia mpaka pango alilokaa mama yake Kipruto na ng'ombe wake, akamsukuma ndani karibu na moto, kisha akarudi nje akipiga filimbi.

Marehemu alisimama mdomoni mwa pango akihesabu filimbi zile zinazozidi kwenda mbali. Tumbaku yote ilikuwa huko nje juu ya punda. Wale waliomjua watashangaa kusikia kwamba hakuitaja hata mara moja.

Kipruto alimpata. Wepukhulu alikuwa ameketi kati ya punda, nywele zimejaa barafu, akijaribu kufungua fundo kwa vidole vilivyokataa. Alimkokota mpaka kwenye pango, punda wakifuata.

"Ingia, bwana!"

Wepukhulu akachungulia, akaona leso ya mama mkwe kando ya moto, akageuka kama mtu aliyemwagiwa maji yanayochemka.

"Mama yuko ndani."

"Si ndiyo! Yuko ndani kwa sababu nje kuna kifo!"

"Mimi nitalala na punda."

Marehemu aliyasikia. Alijifunika kichwa, akapita kando ya ukuta akatoka, akasimama upande wake kwenye mvua ya mawe na mgongo ameugeuza. "Kipruto, mwambie nimetoka. Aingie."

"Ati mama apigwe na baridi mimi nikiota moto?" Wepukhulu akasema kutoka upande wa pili, naye mgongo ameugeuza. "Watu watanitaja mpaka Sirisia. Mwambie arudi ndani."

"Mwambie sirudi."

"Mwambie na mimi siingii."

Kipruto alisimama katikati, anaangalia huku, anaangalia kule, mawe yanamgonga kichwani. "Nyinyi watu wa chini," akasema, "mmekuja huku kuuza tumbaku ama kuuza maiti?"

Wakati huo mama yake Kipruto alikuwa anarudisha ng'ombe, wanapita kati ya hao wawili wakitoa mvuke puani, wakiingia kulala nyuma kabisa ya pango. Kipruto alimgusa Wepukhulu begani, akamgusa tena. Kisha akamwendea Marehemu.

"Mama Nekesa, ameacha kutetemeka."

"Si ni afadhali?"

"Si afadhali. Anayetetemeka bado anapigana."

Marehemu aliwatazama ng'ombe. Mtu mwingine angelia, ama angepiga magoti aombe. Yeye aliona ukuta ukitembea kwa miguu minne.

Lugha ya mlimani alikuwa nayo ya kutosha kununua na kukataa. Akamwita mama yake Kipruto. "Mama, leo ng'ombe wako walale katikati ya pango. Kutoka ukuta huu mpaka ule."

"Kwa nini?"

"Nataka nyumba mbili. Mimi huku, mkwe wangu kule."

Yule mama alicheka mpaka akashika mwamba. Alipomaliza kucheka akawatazama punda na mizigo yao, na Marehemu akatambua macho yale, maana yalikuwa kama yake.

"Ng'ombe akilala vibaya, asubuhi hatoi maziwa," yule mama akasema. "Nataka nusu ya tumbaku."

"Nusu ya mzigo mmoja?"

"Nusu ya yote."

Wote mnaonisikia mmewahi kupatana bei na Mama Nekesa, ama mama zenu waliwahi. Alikuwa akitajiwa bei anacheka, anaondoka, anarudi, anaondoka tena. Siku ile alisema, "Chukua." Ilikuwa mara ya kwanza na ya mwisho maishani mwake kukubali bei ya kwanza, na hata kwenye uzee wake hakupenda kukumbushwa.

Ng'ombe wakapangwa, wakasukumwa, wakalala kwa hasira. Wepukhulu akaambiwa nyumba yake iko tayari. Ulimi ulikuwa mzito, lakini kichwa kilikuwa bado kinafanya kazi.

"Nyumba mbili, sawa. Na mlango? Mlango ni mmoja."

Marehemu alipiga kelele kutoka nje, "Kipruto, mwambie boma lina lango moja hata likiwa na nyumba kumi! Na mwambie akiniuliza swali lingine nitakuja huko nimbebe mgongoni, tuone hiyo aibu ataiweka wapi!"

Wepukhulu aliingia kinyumenyume, amejifunika blanketi. Marehemu aliingia baadaye, akapita kwa ukuta wa pili.

Mama yake Kipruto alikaa upande wa Wepukhulu, akampaka mafuta miguuni, akamlaza ubavuni kwa ndama. Marehemu upande wake hakuona kitu ila migongo ya ng'ombe.

"Anatetemeka?" akauliza.

"Bado."

Akangoja. Ng'ombe mmoja akashusha pumzi. "Sasa?"

"Bado, mama. Nyamaza."

Kunyamaza hakukuwa kazi yake, lakini alinyamaza. Alimfikiria Nanyama langoni. Na hapo, juu ya migongo ile, kukatoka sauti ndogo, ka-ka-ka-ka, kama mtu anayechagua maharagwe kwenye ungo. Meno! Meno ya Wepukhulu yanagongana! Yakaendelea, yakaongezeka, pango lote likasikia. Marehemu alisema mpaka mwisho wa maisha yake kwamba kwaya zote alizozisikia kanisani hazikumfurahisha kama meno yale.

Asubuhi uwanda ulikuwa umeganda, kila jani limevaa barafu, na jua lilipotoka kila kitu kikawaka mpaka macho yakauma. Wepukhulu alikuwa nje anafunga punda, mbali, kwa heshima. Marehemu akamwendea mama yake Kipruto.

"Sasa una tumbaku nyingi kuliko utakayovuta mpaka ufe. Utaiuzia nani?"

"Wenzangu."

"Ikiisha?"

Yule mama akaanza kuhesabu mizigo yake.

"Ikiisha," Marehemu akasema, "nitakuletea nyingine. Wewe utawauzia wote, kila mahali wanapohamia. Mimi nitakupata wapi?"

"Uliza tu ng'ombe wangu wako wapi."

Hivyo ndivyo nusu ile ya tumbaku iliyopotea ilivyogeuka kuwa duka, na ndivyo biashara ilivyokwenda kila kiangazi mpaka 1952. Nusu iliyobaki waliibadilisha kwa asali na ngozi pango kwa pango, wakitembea pamoja na watu waliokuwa wanahamisha nyumba zao juu ya mabega, wakateremka Endebess mpaka Kitale. Karibu na stesheni Marehemu alikutana na mwanamke kutoka Nyeri, Wahu, anauza maharagwe. Walibishania bei ya asali mpaka wanunuzi wakaanza kukaa chini kutazama. Walipochoka kila mmoja aliona ni hasara kuwa na mtu kama huyo kwa upande mwingine, wakaungana. Kibanda chao cha Kibomet mnakijua. Wahu aliporudishwa kwao wakati wa Hali ya Hatari, Marehemu alikilinda, na aliporuhusiwa kurudi mwaka 1958 alikikuta wazi, na stuli yake haijakaliwa.

Turudi kwa Nanyama. Walifika nyumbani kwa barabara ya chini, kupitia Kimilili. Nanyama alimzunguka mumewe kama mnunuzi wa fahali, akaangalia masikio, vidole, miguu.

"Amekonda," akasema.

Mama yake alimjibu kutoka nyuma ya ghala, maana mkwe alikuwa uani. "Unene hatukupatana! Mzima tulipatana. Ni mzima ama si mzima?"

"Ni mzima, mama." Na hapo ndipo Nanyama alipolia.

Mwezi wa Machi mwaka huu Marehemu alianza kuumwa na kifua. Alikataa kulazwa mpaka Juni, akisema kwamba kitanda cha hospitali hakina mtu wa kupatana naye. Alilazwa Kitale. Kila siku Wepukhulu alileta chakula kutoka Kibomet, akampa muuguzi mlangoni, akasimama chini ya dirisha akisikiliza kama anakula. Marehemu alifariki Jumatano tarehe 12 Agosti 1959, kabla ya adhuhuri, Nanyama na Wahu wakiwa kando yake. Neno lake la mwisho lililoeleweka lilikuwa kumuuliza Wahu kama mahindi ya kibandani yamefunikwa, maana aliona mawingu.

Mawingu yale yalikuwa ya kweli. Juzi alipoletwa, mvua ilinyesha kutoka Kitale mpaka hapa. Mbele ya lori walikaa Nanyama na Wahu. Barabara ni mbaya, na mtu alitakiwa nyuma kushikilia jeneza lisigonge. Vijana walipanda. Wepukhulu akawashusha, akapanda yeye, akavuta turubai likawafunika wote wawili, yeye na mama mkwe, na hakulitoa mpaka lori liliposimama kwenye lango hili.

Wazee walikuwa wanangoja. "Wepukhulu, umesafiri na mama mkwe wako?"

"Nimesafiri naye."

"Chini ya turubai moja?"

"Mvua ilikuwa inanyesha, wazee."

"Unajua desturi?"

"Naijua. Mbuzi wa kutakasa nimeshamfunga pale kwenye ua, na ni mnono. Lakini mama singemwachia vijana aje akigongwa gongwa."

Wazee walimtazama mbuzi, wakamtazama yeye, wakaona hakuna la kupatana. Nyama ya mbuzi huyo ndiyo mtakayokula baada ya mazishi.

Marehemu ameacha mwanawe Wabwile na mkewe Gathoni, wa Kitale. Binti yake Nanyama na mumewe Wepukhulu. Rafiki na mshirika wake Wahu. Kipruto na jamaa yake, ambao wameteremka mlima siku mbili kuwa nasi. Wajukuu wanne waliozaliwa na Wabwile, na wajukuu saba waliozaliwa na Nanyama na Wepukhulu, ambao mkubwa wao alizaliwa mwezi wa Aprili 1935 na mdogo wao amesimama pale anasukuma wenzake. Hao saba na wasimame sasa, Malakisi na Kitale wawaone.

Mama Edah Nekesa alale, apumzike, na amani ya Mungu iwe juu yake.